Barua kwa mwanangu: jina la kwenye jalada

Mwanangu,

Barua yako imefika. Bibi yako anakusalimu, magoti yanamsumbua lakini mdomo mzima. Umeniuliza habari za mwenzako wa chuo hapo Tokyo, aliyeanza juzijuzi kupigwa picha za gravia, zile za wasichana wa bikini majaridani, na sasa yuko kwenye jalada la jarida la wiki: amepanda kwa sura au kwa bahati?

Sura? Sura nzuri Japani utazikuta kila kituo cha treni. Na majalada mengi siku hizi wameyashika wasichana wa vikundi vya muziki, kina Nogizaka46. Asiye na kikundi akipenya hapo, kuna kitu kafanya.

Unamkumbuka dada wa ghorofa ya juu kule Kawasaki, aliyekuwa akikusuka mabutu yakatoka mapembe? Januari moja alinisihi nimsindikize Akihabara, mtaa wa maduka hapo Tokyo, kwenye duka lililokuwa likiuza DVD zake za gravia. Wanaume wamejifunika majaketi mazito, yeye na bikini, anatabasamu. Ukinunua moja unapewa mkono. Ukiongeza, unapiga naye picha. Nilifura! Kisha ndani ya treni akatoa kijidaftari, akaandika: mwenye miwani myekundu, mtihani Februari, mzee wa Chiba, mkewe mgonjwa. Safari nyingine mzee akaulizwa hali ya mkewe. Nilimwona kwa macho yangu akivua kofia. Foleni ile ilirefuka kwa sababu ya kijidaftari, wala si kwa bikini.

Lakini mkataba, mwanangu. Nimekuimbia tangu vibarua vyako vya kwanza: karatasi kwanza, tabasamu baadaye. Dada yule alilipwa mshahara wa mwezi, jarida liuze lisiuze. Alipochoka akarudi kwao Niigata kufungua saluni, wakala akamkatalia hata kuandika kwenye kibao lile jina alilojulikana nalo. Jina! Ukipita Jimbocho, mtaa wa Tokyo wenye maduka ya majarida ya zamani, huenda ukamkuta bado anauzwa, na yeye hapati hata yeni moja. Hilo halijanitoka mpaka leo.

Najua utanijibu kwamba mwigizaji Koike Eiko alianzia hukohuko kwenye gravia, na mwaka 2022 akaigiza Hōjō Masako, mke wa shogun wa kale, kwenye tamthilia kubwa ya mwaka mzima ya NHK, shirika la utangazaji la umma. Na Ayase Haruka, aliyepigwa picha hizohizo akiwa mgeni, akawa nyota wa tamthilia hiyo ya mwaka 2013. Kweli, na nawapenda wote wawili. Basi nisimtie nuksi mtoto wa watu. Kazi ni kazi, na anayesimama na bikini Januari akakumbuka mke wa mtu ni mgonjwa, huyo si mvivu. Ila hao ni wawili. Wangapi walipita kwenye kurasa zilezile, leo hata wewe uliye hapo huwajui?

Kwa hiyo mwulize: jina analotumia ni la nani, lake au la wakala? Akiacha, picha zinabaki kwa nani? Karatasi kwanza, tabasamu baadaye. Asipojua, asione haya kwenda kwa mwanasheria.

Kama aache chuo au asiache, hilo hujaniuliza, nami nimejiapiza kutosema. Mwambie tu mwaka wa masomo unaisha Machi, na Machi si mbali.

Mama yako