Kabla ya kukimbilia injini, isome Mosquito

Vijana wengi wanaoingia kwenye uundaji wa ndege huanza na injini na mwendo. Mimi nawashauri waanze na swali la karakana: mkono wa fundi utapita wapi? Ndege inayolijibu vizuri ni Mosquito, ndege ya mabomu ya Uingereza iliyobuniwa na kampuni ya de Havilland. Iliruka mara ya kwanza Novemba 25, 1940, wakati wa Vita vya Pili vya Dunia, na sehemu kubwa ya mwili wake ilikuwa mbao.

Bodi yake iliundwa vipande viwili, kushoto na kulia, kama ganda la karanga. Kila kipande kilitandazwa juu ya kalibu: plaiwudi, balsa (mbao nyepesi sana) katikati, plaiwudi tena, kikabanwa kwa mikanda ya chuma hadi gundi ikauke. Nyaya, mabomba na vifaa vingi vya ndani vilifungwa vipande vikiwa bado wazi, fundi amesimama na anaona anachokishika. Aliyewahi kujikunja ndani ya bodi iliyokwisha fungwa, spana mkononi na tochi mdomoni, hahitaji maelezo. Basi ukichora kitu, chora na utaratibu wa kukifunga.

Mbao nazo hazikuwa chaguo la mnyonge. Alumini iligombewa na viwanda vingine, ilhali maseremala wa samani walikuwepo na ujuzi wao ukafaa moja kwa moja. Uliza nani atakuundia kabla hujaamua utaunda kwa kitu gani.

Ninachokipenda zaidi ni hila ya mabomu. Chumba kilipangiwa manne ya kilo 113. Yalipotakiwa ya kilo 227, hawakuipasua ndege. Walifupisha mapezi ya mkia wa bomu, mabomu yakaingia manne vilevile. Wahandisi wageni kazini hupenda kubadilisha kilicho kikubwa kwanza. Anza na kilicho rahisi.

Gundi ya mwanzo ilitokana na maziwa, baadaye wakahamia ya viwandani. Mwaka 1944, vita hivyo vikiendelea huko Asia, baadhi ya Mosquito zilivunjika angani. Joto na unyevu vililaumiwa, lakini uchunguzi ulikuta pia viungo vilivyounganishwa vibaya kwa gundi kiwandani. Kiungo kikishafunikwa hakuna jicho litakalokiona tena. Mwite mkaguzi kingali wazi, na atie sahihi palepale, hata kama msimamizi anakuharakisha. Atakuharakisha.