Umestaafu na daraja halikuingia? Anza na tarehe

Tangu nistaafu ualimu mwaka 2022, wastaafu wenzangu hawachoki kuniuliza: "Mwalimu, nilistahili kupanda daraja, nikatoka bila kupanda. Nitalipwa?" Nami huwauliza: barua unayo? Inasema umepandishwa kuanzia lini?

Ukishatoka kwenye ikama, yaani idadi rasmi ya watumishi, hakuna wa kukupandisha, hata kama uliganda kwenye daraja moja miaka minane na sifa zote unazo. Lakini kama tarehe iliyo kwenye barua ni ya kabla ya kustaafu na mshahara mpya haukuwahi kuingia, hilo ni deni, na kustaafu hakulifuti. Wa rika langu tumo wengi humo. Juni 2016 serikali ilisitisha upandishaji madaraja kupisha uhakiki wa watumishi hewa. Miaka ya baadaye waliocheleweshwa wakapandishwa kwa mserereko, yaani kurukishwa hadi daraja walilostahili, ila aliyekwisha kwenda nyumbani, huo haukumhusu.

Sasa, madai ni mawili na watu hufuatilia moja tu. La kwanza ni malimbikizo, yaani tofauti ya mshahara kwa miezi uliyokuwa kazini. Hayo unamdai mwajiri. La pili ni mapunjo ya mafao, na hapo ndipo penye fedha. PSSSF, mfuko wa pensheni wa watumishi wa umma, hukokotoa kwa wastani wa mishahara ya miaka mitatu iliyo bora ndani ya kumi ya mwisho. Tuseme daraja lingekuongezea 200,000 kwa mwezi katika miaka hiyo mitatu, nawe umetumikia miezi 360. Kwa anayelipwa mkupuo (malipo ya mara moja anapostaafu) wa asilimia 40, amekosa kama milioni 7.4 za mkupuo, na pensheni yake imepungua kwa takribani 74,000 kila mwezi, maisha yake yote. Malimbikizo yakilipwa yameisha. Pengo la pensheni linaendelea.

Anza kwa mwajiri, kwa sababu mfuko hauwezi kukokotoa mshahara ambao yeye hajauthibitisha. Beba nakala za barua ya ajira, ya kuthibitishwa kazini, zote za kupandishwa na ya kustaafu, pamoja na salary slip za kabla na baada ya tarehe ya daraja. Madai yangu mwenyewe yalianza kusogea nilipoacha kusimulia nikapeleka jedwali la ukurasa mmoja: mwezi, nilicholipwa, nilichostahili, tofauti. Na nakala yako igongwe muhuri wa kupokelewa. Kijana aliyenihudumia nilimfundisha mwenyewe hesabu, akanipa shikamoo ya heshima kabisa, na bado muhuri niliudai. (Mafaili hupotea hata mikononi mwa wanafunzi wazuri.)

Mstaafu akifariki, msimamizi wa mirathi ndiye anayeendelea na madai, kwa hiyo watoto wajue bahasha ya nyaraka hizi iko wapi.

Wewe uliye kazini na miaka 57 au 58, ingia kwenye mfumo wa taarifa za watumishi wiki hii uone kama cheo kinachosomeka humo ndicho kilicho kwenye barua yako. Kikitofautiana, mwandikie afisa utumishi sasa, kabla hujapeleka notisi ya miezi sita ya kustaafu. Na akitokea mtu wa kukuomba "chochote" ili asukume faili lako, usimpe.