Kupeleka unga wa sembe Kenya kupitia Horohoro: niliyojifunza kwa hela yangu mwenyewe

Wadau habari zenu. Hapa mashineni kwetu Ngamiani, Tanga, haipiti wiki bila mtu kuja au kupiga simu, dada na mimi nina mashine, nasikia unga Kenya unalipa, nianzie wapi? Nimekuwa najibu vipande vipande, huyu namwambia hili, yule nasahau lile, kwa hiyo leo nimekaa niandike nilichonacho chote maana inaniuma kuona mtu anapoteza mtaji kwenye kitu ambacho angeambiwa mapema asingepoteza.

Mimi nilianza mwishoni mwa 2020. Nilikwenda Ukunda, pwani ya Kenya, kwenye harusi ya ndugu, si unajua sisi watu wa huku na watu wa Kwale ni wamoja, Wadigo wako huku na kule, nikaingia dukani nikauliza bei ya pakiti ya unga ya kilo mbili. Nikatoa simu nikabadilisha ile bei kwa hela yetu, nikazidisha kwa tani, usiku ule sikulala kwa furaha. Lile ndio kosa la kwanza na nawaona wengi mnalirudia. Bei ya dukani ina faida ya mwenye duka, ina faida ya mtu wa jumla, ina gari, ina pakiti yenyewe, ina makaratasi. Bei ya kuuliza ni ile ambayo muuza jumla anamlipa anayemletea mzigo mpaka mlangoni, na hiyo hupewi kwa kupiga simu, inabidi uende ukae nae, unywe nae chai, urudi tena.

Mzigo wangu wa kwanza ulikuwa tani moja, salfeti 40 za kilo 25, sembe nyeupe kabisa kama tunavyoipenda huku. Nikampelekea Bi mmoja mwenye duka kubwa, mtu mzima, ana heshima zake. Akafungua salfeti moja akauchota akaunusa, akaniambia: "Mwanangu, unga wako mzuri, mweupe, hauna mchanga. Lakini mteja wangu anakuja na pesa ya pakiti moja ya leo. Mimi nitampimia kwa kikombe mpaka lini?"

Kule mtu wa kawaida ananunua pakiti ya karatasi ya kilo mbili, au kilo moja siku ikiwa ngumu, na duka linapokea kwa beli, yaani pakiti 12 za kilo mbili, kilo 24. Huku kwetu mtu anabeba kiroba cha kilo 5 au 10 anaenda zake, mama ntilie anachukua salfeti ya 25. Unga wangu haukuwa na ubaya wowote ila ulifungwa kwa ajili ya mtu wa Tanga. Niliuza kwenye mikahawa na shule moja, kidogo kidogo, karibu wiki tano mzigo ukaisha na faida ikawa imeliwa na nauli zangu za kwenda na kurudi.

Alafu yule Bi akanifanyia kitu ambacho mpaka leo namuombea dua. Akaniita jikoni kwake akasonga sima mbele yangu, sufuria mbili, moja unga wake aliouzoea na moja wa kwangu. Wa kwangu ulikuwa laini mno, umechekechwa sana, ukitia maji unakuwa kama uji halafu unakaza ghafla. Wao wanataka unga unaobeba maji na sima ishike, ukimega tonge lisimwagike. Nikarudi nikamwambia fundi wa mashine abadilishe chekeche. Kwa hiyo kabla hujalipia hata leseni moja, beba kilo kumi za unga wako, nenda ukapikiwe na watu watano tofauti wanaoishi huko, kaa ule nao. Usiwaulize unaonaje maana mtu wa pwani ana haya, atakwambia mzuri. Angalia sahani imebaki nini.

Sasa nije kwenye kubwa. Machi 2021 nilikuwa nimeshapakia mzigo wa pili, safari hii kwenye pakiti. Tarehe 5 Machi Kenya ikasimamisha mahindi kutoka Tanzania na Uganda kwa sababu ya sumukuvu, ile sumu ya ukungu. Baada ya siku kama tano wakafungua kwa masharti, waingizaji wajisajili, mzigo uwe na cheti kwamba sumukuvu haizidi sehemu 10 kwa kila sehemu bilioni, na karatasi ya kuonyesha mahindi yametoka wapi. Tamko lilitaja mahindi, lakini mteja wangu akapiga simu, dada una karatasi ya vipimo? Sina. Basi subiri. Mzigo ukakaa stoo mwezi na zaidi, na ilikuwa masika imeanza, hewa ya Tanga mnaijua, pakiti za karatasi zikanyonya unyevu. Nilizifungua moja moja nikauza nyingi kama chakula cha kuku, na zile zilizoanza kunuka nilizifukia. Mama yangu alinisaidia kufukia, hakuniuliza kitu.

Sikumlaumu mtu. Kenya mwaka 2004 walipoteza watu 125 kule Ukambani kwa mahindi yenye sumukuvu, na sisi wenyewe 2016 tulipoteza watu Dodoma na Manyara. Hii sumu haionekani, haina harufu, na kupika hakuitoi, ugali ukiva na yenyewe imo. Inaletwa na ukungu unaoota kwenye mahindi yaliyovunwa mabichi, yaliyoanikwa chini kwenye udongo, au yaliyowekwa stoo kabla hayajakauka. Kwa kiasi kikubwa inakaa kwenye ganda na kiini, ndio maana kukoboa kunaipunguza, na ndio maana mwenye kuuza dona anatakiwa awe mkali mara mbili. Na pumba za mahindi mabaya usimpe mtu alishie ng'ombe wa maziwa, inapita mpaka kwenye maziwa.

Baada ya hapo nilibadilisha ununuzi wote. Zamani nilikuwa nachukua mahindi ya mchanganyiko, dalali analeta, siulizi ya wapi. Siku hizi nachukua Handeni na Kiteto kwa wakulima ninaowafahamu, wanaanika juu ya turubai, na mita ya unyevu natembea nayo kwenye mkoba kama simu, ikisoma zaidi ya asilimia 13.5 sipakii hata uniambie bei gani. Na sampuli mnaichukua vibaya jamani. Mtu anachota konzi moja kwenye gunia la juu anapeleka maabara, majibu yanakuja safi anafurahi. Sumukuvu haisambai sawa, gunia hili safi lile la pembeni lina punje chache zilizoharibika na hizo chache zinatosha. Chukua bambo, ile chuma yenye tundu ya kutolea punje, uchome magunia mengi, juu, kati, chini, changanya vizuri ndio utoe sampuli ya kupima. Pima mahindi kabla ya kusaga, maana ukishasaga umeshachanganya nzima na mbovu.

Kingine kidogo lakini kimeniliza, unga ukitoka mashineni ni wa moto. Ukiufunga pale pale unatoa jasho ndani ya pakiti, unaganda mabonge na baada ya wiki mbili unanuka. Uache upoe, ndio upime, ndio ufunge. Na upime sawasawa kilo mbili kamili, wateja wa kule wana mizani kwenye meza na pakiti ikipungua gramu hamsini jina lako linatembea kutoka Ukunda mpaka soko la Kongowea Mombasa kabla gari lako halijavuka. Stoo weka chaga, usilaze mzigo kwenye sakafu wala usiegemeze ukutani.

Makaratasi watu wanayaogopa kuliko inavyostahili. Biashara isajiliwe BRELA, wakala wa usajili wa biashara, uwe na TIN, yaani namba ya mlipakodi, na leseni, halafu alama ya ubora ya TBS, shirika letu la viwango, na hiyo ndio roho ya safari yote. Kwa sheria ya viwango ya Jumuiya ya Afrika Mashariki ya mwaka 2006, bidhaa yenye alama ya TBS inatambulika Kenya kama yenye alama yao. Kama wewe ni mdogo pitia SIDO, shirika la viwanda vidogo, kwanza uchukue barua ya utambulisho, inasaidia. Unga uwe na virutubishi, Kenya tangu 2012 unga wa mahindi na ngano wa kufungwa lazima uongezwe madini na vitamini, kwa hiyo usijidanganye kwamba utakwepa, mnunuzi makini atauliza kabla ya afisa hajauliza. Kwenye pakiti iandikwe jina la bidhaa, uzito, imetengenezwa wapi, tarehe ya kusagwa na ya kuisha, na namba ya toleo. Namba ya toleo isiwe ya mapambo, mimi nina daftari, ukiniletea pakiti yoyote nakwambia mahindi yalitoka kijiji gani na yalisagwa siku gani. Hilo daftari ndilo lililomrudisha yule mteja wa 2021.

Halafu kuna cheti cha uasili. Unga wa mahindi yaliyolimwa hapa hautozwi ushuru wa forodha ukiingia nchi ya Jumuiya, lakini uthibitishe kwamba ni wa hapa, bila hicho cheti unatozwa kama mgeni. Mzigo wa thamani isiyozidi dola 2,000 wenye bidhaa zilizo kwenye orodha ya pamoja ya Jumuiya unapewa cheti rahisi pale pale mpakani, na kwa anayeanza mimi nasema anza na huo, safari tatu nne za mzigo mdogo, ujue watu na ujue foleni. Ila kumbuka cheti rahisi kinahusu ushuru tu, vyeti vya ubora na afya ya mimea vinabaki palepale.

Horohoro, mpakani kwetu na Kenya, siku hizi ni kituo cha pamoja, maafisa wa nchi zote mbili wanakaa jengo moja na taratibu zinamalizikia upande unaokwenda, kwa hiyo ukitoka Tanga gari linasimama Lunga Lunga, upande wa Kenya, mara moja basi. Tafuta wakala wa forodha mwenye leseni, muonyeshe nyaraka siku mbili kabla hujapakia, asome kila herufi. Mimi niliwahi kulala mpakani usiku mzima kwa sababu uzito kwenye ankara na uzito kwenye cheti ulipishana kwa beli mbili, kosa la mkono wangu mwenyewe. Na wale vijana wanaokufuata nje ya geti wakikwambia wanajua njia ya pembeni, wape salamu upite. Mzigo wa panya ukikamatwa umeondoka, na hata usipokamatwa huwezi kumuuzia supamaketi wala shule kwa sababu huna karatasi ya kumuonyesha, utabaki hapo hapo kwenye uchochoro miaka yote. Gari ukiweza tumia yanayoleta mizigo Tanga kutoka Mombasa yanayorudi matupu, bei inakuwa nafuu na dereva anaijua njia. Ukitumia gari lako usisahau bima ya kadi ya njano ya COMESA, ndiyo bima ya gari inayovuka mpaka.

Hela sasa. Kule mali kauli ni kawaida kama hapa, wanachukua leo wanalipa baada ya siku 30. Mwishoni mwa 2023 nilitoa mzigo mkubwa kwa mali kauli kwa bei ya shilingi ya Kenya, na kipindi kile shilingi yao ilikuwa inashuka, mpaka Januari 2024 dola moja ilifika kama 160. Nililipwa yote, mteja muungwana kabisa, lakini nilipobadilisha ile faida yote imeyeyuka. Miezi michache baadae ikapanda ikarudi kwenye 130 na waliouza kipindi hicho wakapata. Faida ya unga ni nyembamba sana, haiwezi kubeba mchezo wa fedha za kigeni juu yake. Siku hizi nusu nalipwa mzigo ukishuka, nusu ndani ya siku 14, na bei mpya tunakubaliana kila mzigo. Mteja mpya habebi mali kauli kabisa, hata aje na ndugu yangu wa damu kumdhamini.

Wanaoniuliza kuhusu Comoro, najua ni wanachama wa SADC, jumuiya ya nchi za kusini mwa Afrika, tangu 2018 na majahazi na meli zinakwenda, lakini nikwambieni ukweli wenzetu kule chakula chao kikubwa ni wali. Sembe utamuuzia nani? Kama unataka Comoro nenda kwanza Moroni ukatembee sokoni wiki nzima, uone wanapika nini, usibebe unga kwa sababu meli ipo.

Mimi kwa sasa napeleka mara mbili kwa mwezi. Masika ikianza napunguza pakiti za karatasi na kila beli naifunga kwa nailoni nzito juu, na sisagi mpaka oda imethibitishwa, ili unga usikae stoo zaidi ya siku nne. Alhamisi hii napakia. Yule Bi wa Ukunda ameagiza beli 60 na ameniambia nimletee na kilo moja ya dona ya kwake mwenyewe, daktari amemwambia apunguze sembe, kwa hiyo kesho naingia kuchambua mahindi yake kwa mkono, punje kwa punje.