Misa ya Mozart ya C minor: mbona Mwanakondoo haipo?

Ndugu umeuliza kwa nini rekodi uliyorushiwa ya misa ya mtunzi Mozart haina Mwanakondoo. Hapana, faili lako halijakatika na aliyekurushia hajakupunja, hiyo misa haina Agnus Dei (Mwanakondoo wa Mungu) kabisa kwa sababu Mozart mwenyewe hakuimaliza. Kyrie (Bwana utuhurumie) na Gloria (Utukufu) zipo kamili, lakini Credo (Nasadiki) ukisikiliza vizuri inaishia palepale "akawa mwanadamu", hakuna kusulubiwa hakuna kufufuka, basi. Aliweka nadhiri ya kuiandika kipindi kile cha mambo ya kumuoa Constanze, na Oktoba 1783 ikapigwa mjini Salzburg kwenye kanisa la Mtakatifu Petro, Constanze mwenyewe akiimba soprano. 1785 akachukua muziki wa Kyrie na Gloria akaubandika maneno ya Kiitaliano ikawa kazi nyingine iitwayo Davide penitente, si unajua kazi nzuri haitupwi. Kwa hiyo ukikutana na rekodi yenye Agnus Dei ujue kuna mtu kaja kuimalizia baadaye, mfano ile ya mwanamuziki Robert Levin ya 2005. Ila Et incarnatus (kile kipande cha mwisho cha Credo) usiiruke aisee, soprano mmoja anapokezana na ala za kupuliza, yaani filimbi, obo na basuni, ile pumzi sijui anaitoa wapi, sisi kwaya za parokia tuiache tu ilivyo.