Usikimbilie rufaa, isome kwanza hiyo amri ndogo

Wadogo zangu mnaoanza uwakili huku kusini, hili nalisema kwa uchungu kwa sababu anayeumia ni mteja. Msimu wa korosho ukikaribia, mtu wa Tandahimba au Nachingwea ana kesi ya shamba Mahakama Kuu hapa Mtwara, linatoka zuio la muda kwamba asiguse mikorosho mpaka kesi iishe, anakupigia simu amechanganyikiwa, na wewe kwa presha unaanza kuandaa rufaa usiku huohuo. Subiri kwanza.

Sheria Na. 25 ya 2002, ya marekebisho ya sheria mbalimbali, ilishaufunga huo mlango. Amri ndogo, yaani ya njiani, inayotolewa kabla kesi haijaisha kama hilo zuio, haikatiwi rufaa wala haiombewi marejeo (mahakama ya juu kuukagua mwenendo), isipokuwa kama imelimaliza shauri lenyewe. Kwa maamuzi ya Mahakama Kuu angalia Sura ya 141 (Sheria ya Mamlaka ya Rufaa), kwa mahakama za wilaya na za hakimu mkazi angalia Sura ya 33 (Mwenendo wa Mashauri ya Madai) na Sura ya 11 (Mahakama za Mahakimu). Wengi mnakwamia Amri ya 40 ya Sura ya 33, mnaona zuio limo kwenye orodha ya amri zinazokatiwa rufaa mnafurahi, kumbe kifungu cha rufaa za amri kwenye sheria hiyohiyo kinasema bila kujali hiyo orodha, ya njiani hairuhusiwi.

Sasa utajuaje ni ya njiani? Soma kesi ya Junaco dhidi ya Harel Mallac, Maombi ya Madai Na. 473/16 ya 2016. Mahakama ya Rufani inajiuliza hivi, je amri imemaliza haki za wadaawa, yaani pande za kesi? Chukua pingamizi la awali kwamba kesi imepitwa na muda. Likikataliwa kesi inaendelea, hapo huna rufaa. Likikubaliwa kesi ikatupwa, hapo unayo, maana hakuna kilichobaki kusikilizwa kule chini.

Ukilazimisha, wenzako wataweka pingamizi, rufaa itaondolewa kwa gharama, na muda wote huo jalada la kesi ya msingi limeitwa juu halisogei huku korosho zinanyeshewa chini ya miti zinaharibika.

Cha kufanya, rudi mahakama ileile iliyotoa zuio, omba iliondoe au ilibadilishe, sheria inaruhusu. Mimi napenda kuomba korosho ziokotwe, ziuzwe kupitia chama cha msingi cha ushirika, hela ishikiliwe mpaka hukumu, na mara nyingi hata upande wa pili unaona ni sawa maana wao pia hawataki mzigo uoze. Kumbuka pia zuio lina ukomo, miezi sita, na hata likiongezwa jumla haizidi mwaka, kwa hiyo weka tarehe kwenye shajara yako. Na hoja yako dhidi ya ile amri haijafa, hakikisha tu imeingia kwenye mwenendo wa shauri, siku hukumu ikitoka ukakata rufaa unaiweka iwe sababu mojawapo.