Mpwa wako kuwekwa mdakaji kwenye besiboli: hajaonewa

Mkuu, umesema mpwa wako aliyeko Marekani katolewa kwenye kurusha mpira, kocha kamfanya mdakaji, yaani kamweka nyuma ya mpigaji achuchumae na barakoa usoni adake mipira ya mrushaji, na mama yake analalamika kwamba mtoto anasukumwa pembeni. Unauliza kama nafasi hiyo ina maisha.

Inayo. Naishi St. Louis miaka mingi sasa, na mchezaji aliyependwa kuliko wote hapa kwa kizazi hiki ni mdakaji, Yadier Molina wa Cardinals, timu ya ligi kuu ya hapa. Mimi mwenyewe nimedaka kwenye timu ya Jumapili ya wenzangu wa ghalani, wengi wao watu wa Puerto Rico kama Molina. Walisikia nilikuwa kipa Tanga, wakanitupia glavu wala hawakuniuliza kama nataka.

Tuanze na mwili. Kila mtu huwaza magoti, lakini kilichonitesa mimi ni kidole gumba cha mkono wa glavu. Mpira ukiingia vibaya unalikunja gumba kwa nyuma, na Jumatatu hata kuzungusha ufunguo mlangoni ni shughuli. Na wetu walikuwa wakirusha kistaarabu! Ligi kuu mpira unatoka mita 18 na ushee, mwendo wake unaweza kuzidi kilomita 160 kwa saa, na mpigaji akiugusa kidogo tu kwa ukingo wa gongo unageuka njia hapo hapo mbele yako. Huna muda wa kukwepa. Mei 2018 mpira wa aina hiyo ulimpata Molina pale ambapo hakuna mwanamume anayetaka kupatwa, akafanyiwa upasuaji wa dharura. Baada ya kama mwezi mmoja amechuchumaa tena, na gumba lake lilishapasuliwa tangu 2014. Aliyekuwa mdakaji kabla yake, Mike Matheny, ndiye wa kutisha zaidi: mipira iliyomgonga kwenye barakoa ilimtikisa ubongo mara kwa mara hadi akalazimika kuacha kucheza. Hilo mwambie dada yako bila kumficha.

Sasa kichwa, maana ndicho kinacholipwa. Mdakaji ndiye anayeona uwanja mzima mbele yake, na ndiye anayependekeza kila mpira utakaorushwa, kwa vidole alivyoficha kati ya mapaja (tangu 2022 ligi kuu inaruhusu na kifaa cha vitufe). Kwetu kidole kimoja kilikuwa mpira wa kasi, viwili wa kupinda. Hayo nilijifunza kwa muda mfupi. Kazi ilikuwa mrushaji wetu, mzee mmoja wa hasira za karibu. Akipigwa mara mbili mfululizo, basi shabaha yote inapotea. Wenzangu wakanifundisha niombe muda, nimfuate polepole pale kwenye tuta, nimuulize mkewe anaendeleaje. Mzee anacheka, anavuta pumzi, tunaendelea. Kwenye karatasi ya takwimu kitu kama hicho hakiandikwi popote.

Ndiyo maana ukimpima Molina kwa gongo peke yake hutaelewa kelele za hapa. Misimu 19, wastani wa .277 (yaani alifanikiwa kupiga kama mara 28 katika kila 100), homrani 176, mipira iliyotoka nje ya uwanja: wapo wengi waliompita kwa kupiga. Lakini wakimbiaji waliojaribu kuiba besi mbele yake, yaani kuchomoka kuwahi kituo kinachofuata bila mpira kupigwa, takriban 40 katika kila 100 walinaswa, na wengi hawakuthubutu kabisa. Alichukua Glavu ya Dhahabu, tuzo ya ulinzi bora katika nafasi yake, mara 9. Yeye na mrushaji Adam Wainwright walianza mechi 328 pamoja, rekodi ya ligi kuu.

Mechi ninayoirudia ni ile ya Oktoba 2006 dhidi ya Mets, New York, mechi ya saba ya kuwania kuingia fainali. Msimu mzima Molina alikuwa amepiga .216, aibu tupu. Raundi ya tisa, ngoma 1-1, akautoa mpira nje ya uwanja na kuleta pointi mbili. Kisha akavaa barakoa yake akarudi kuchuchumaa. Mets wakajaza besi zote, Wainwright bado kijana, Carlos Beltrán ana gongo. Mpira wa kupinda, Beltrán akaganda, straiki ya tatu, ambayo humtoa mpigaji, kwisha. Cardinals wakaenda kutwaa ubingwa.

Njia ni ndefu lakini. Molina alichaguliwa na klabu 2000, ligi kuu akaiona 2004, miaka ya kati ni ligi ndogo na mabasi. Faida ni kwamba mdakaji mwenye akili hakosi kazi baadaye. Matheny huyo huyo akaja kuwa kocha mkuu wa Cardinals. Na msidhani ni kazi ya wenyeji tu: Dennis Kasumba wa Uganda, yule wa video za mazoezi na matairi, naye ni mdakaji, na 2023 alicheza huku na timu ya Frederick Keys.

Kwa mpwa wako: anunuliwe kinga ya gumba, inavaliwa ndani ya glavu. Muulizeni kocha kama kuna mdakaji wa pili wa kumpumzisha, maana mtoto hafai kuchuchumaa kila mechi. Akigongwa kichwani atoke siku hiyo hiyo, hata akisema yuko sawa. Na kama shuleni wanafundisha Kihispania, asikiache. Warushaji wengi atakaokutana nao mbele wanatoka Jamhuri ya Dominika na Venezuela.