Dansi juu ya terazo: jibu kwa binti wa Igoma

Binti mmoja wa Igoma, Mwanza, ameniandikia wiki hii. Ana miaka 19, anacheza dansi ya kisasa, Jumamosi anafundisha watoto, na miundi yote miwili inamuuma kila akiruka. Nyumbani wameshamwambia aache mambo ya ngoma akatafute kazi. Anauliza kama kweli ana kipaji. Mdogo wangu, kipaji tukiweke kando. Umenisifia ukumbi wenu kwamba una terazo safi, na ugonjwa wako upo hapo hapo.

Terazo, vigae na saruji havinyonyi kishindo. Ukitua, kishindo chote kinakurudia kwenye muundi, goti na kiuno. Bugobogobo, ngoma ya majembe ya Wasukuma, huchezwa kwenye udongo, magoti yamekunjwa, uzito uko chini, jembe linarushwa na kudakwa. Sisi tumeongeza miruko na kuacha udongo.

Sakafu ya dansi fundi seremala yeyote anaiweza. Eneo la futi 16 kwa 16 linatosha watu watano wakiruka. Nunua plaiwudi 16 za futi 8 kwa 4, unene milimita 9: nane tabaka la chini, nane la juu, na la juu lilazwe kukatiza la chini ili maungio yasikutane. Chini yake panga papi (mbao nyembamba) za inchi 2x2 zilizokauka vizuri, kila baada ya sentimita 40, na kila papi ikalie vipande vya soli za kandambili. Usiweke sponji ya godoro. Inadidimia na kifundo cha mguu kinapinda. Funga kwa skrubu, vichwa vizame. Misumari hupanda juu taratibu, ikachana nyayo. Halafu acha nafasi ya sentimita moja ukutani pande zote, maana huku ziwani mbao huvimba masika, na sakafu iliyobanwa inatunga mgongo katikati. Usipake vanishi ya kung'aa.

Pesa haijapatikana? Chezeni asubuhi kwenye udongo ulioshindiliwa, mkiokota mawe kwanza. Mchanga mkavu wa ufukweni usiurukie ukiwa hujauzoea: kisigino kinazama na mshipa wa nyuma yake unavutika.

Sasa hiyo miundi. Bonyeza kwa kidole kimoja kando ya mfupa. Maumivu yakitandaa eneo refu, punguza miruko wiki mbili tatu, na utue kwa vidole, kisha unyayo, kisha kisigino kiguse kabisa, goti likielekea kidole cha pili. Yakiwa kwenye nukta moja, au yakikuamsha usiku, acha kuruka leo na umwone daktari. Huenda mfupa una ufa, na ufa mpya picha ya eksirei inaweza isiuonyeshe.

Kuhusu kuacha: dansa, mtunzi na mwalimu ni kazi tatu ndani ya mtu mmoja, na ya ualimu ndiyo inayolipa kodi ya nyumba miezi isiyo na maonyesho. Mtazame dansa Germaine Acogny: alizaliwa Benin mwaka 1944, alifungua studio yake Dakar mwaka 1968, akaendelea kucheza, kutunga na kufundisha hadi akapewa tuzo ya Simba wa Dhahabu ya dansi kule Venice, Italia, mwaka 2021. Ukitaka kujifunza utunzi, nenda Bujora, kwenye makumbusho ya Wasukuma karibu na Mwanza, wakati wa Bulabo, sikukuu yao ya ngoma ya mwezi Juni. Bagika na Bagalu, makundi mawili ya ngoma yanayoshindana, hucheza kwa wakati mmoja, na anayevuta umati mkubwa ndiye mshindi. Simama nyuma ya umati uone ni kitu gani kinawahamisha watu.

Na andikishaneni! Inaniuma kuona vijana wanacheza harusi nzima kwa soda na nauli. Karatasi moja inatosha: idadi ya mazoezi, nusu ya malipo kabla, usafiri, na nani anaruhusiwa kurusha video. Sheria ya hakimiliki ya mwaka 1999 inazitaja kazi za dansi, kwa hiyo rekodi utunzi wako na uuandikishe COSOTA, ofisi ya hakimiliki ya Tanzania.

Jumamosi hii watoto wasiruke kwenye terazo hiyo. Watoe nje kwenye udongo, wape dakika 15 za kuchemsha mwili, kisha washuke kutoka kwenye benchi fupi, mmoja mmoja, wewe ukiwa umefumba macho. Ukisikia kishindo, mtoto huyo arudie.